Kapteni Hedley Verity, Mrushaji wa Yorkshire

Hotuba hii ilitolewa kwenye mkutano wa wachezaji na wapenzi wa kriketi. Inawekwa hapa nzima kwa ajili ya wale ambao hawakufika.

Wazee wangu, shikamooni. Ndugu zangu wanakriketi, vijana mliokuja moja kwa moja kutoka mazoezini, nanyi askari wastaafu mliokaa mstari wa mbele: karibuni, na asanteni kwa kuja.

Nianze na namba nne. Mwenye kalamu aandike: 19.4, 16, 10, 10.

Ambaye hajazoea kusoma kitabu cha matokeo, nitamsomea. Mrushaji mmoja alirusha ova 19 na mipira 4; ova moja ni mipira 6, kwa hiyo mipira 118. Katika ova hizo, 16 hazikutoa mkimbio, yaani pointi, hata mmoja. Zote kwa jumla zilitoa mikimbio 10. Na wiketi alizochukua, yaani wapigaji aliowatoa, ni 10, timu nzima, hakumwachia mwenzake hata mpigaji mmoja. Ilikuwa tarehe 12 Julai 1932, kiwanja cha Headingley mjini Leeds, kaunti ya Yorkshire ikicheza na Nottinghamshire. Tangu siku ile mpaka leo hakuna aliyechukua wiketi zote 10 kwa mikimbio michache kuliko hiyo katika kriketi ya daraja la kwanza. Mrushaji huyo anaitwa Hedley Verity.

Sasa turuke miaka 11. Usiku wa kuamkia tarehe 20 Julai 1943, kisiwa cha Sicily, tambarare ya Catania. Mtu huyo huyo, sasa Kapteni Verity, anatambaa na kombania yake ndani ya shamba la nafaka, na shamba linawaka moto.

Wengi humsimulia kana kwamba walikuwa watu wawili: kwanza mchezaji, halafu askari. Leo nataka tumwone akiwa mmoja. Jicho lililoisoma pichi ya Headingley, ardhi ile mpira unapodondokea, ndilo lililoisoma tambarare ya Catania. Jicho lile lile, utulivu ule ule, maandalizi yale yale.

Tuanze na pichi, kwa sababu bila kuielewa pichi hutamwelewa huyu bwana.

Siku hizi mvua ikinyesha, pichi inafunikwa haraka. Zama za Verity, Uingereza, mechi ikishaanza pichi iliachwa inyeshewe. Je, nini hutokea udongo ulioshindiliwa ukilowa kisha jua likatoka? Juu panaanza kukauka na kufanya ganda jembamba. Chini bado ni tope. Mpira ukidondoka, unalivunja lile ganda na kung'ata. Mmoja unapinda ghafla, mwingine unaruka hadi kifuani, wa tatu unakwama na kuja polepole. Pichi inanata kama ulimbo wa kunasia ndege. Na hali hiyo haidumu: ikilowa kupita kiasi mpira unateleza tu, ikikauka yote hatari inakwisha. Mrushaji ana saa chache, pengine chini ya hapo.

Vijana, nisikilizeni hapa. Mrushaji wa kawaida akipewa pichi ya namna hiyo anapata kiherehere. Anaukaza mpira auzungushe kwa nguvu zote, nao unapinda nusu mita, unampita mpigaji, unavipita vijiti, unamchosha mlinda wiketi. Watazamaji wanashangilia, wiketi haianguki. Pigeni hesabu. Kipande cha kupigia kina upana wa sentimita 10.8. Kutoka katikati yake hadi ukingoni ni sentimita 5 na kidogo. Mpira ukipinda hizo 5 tu umeshamnasa mtu: unagusa ukingo, unaruka mikononi mwa mdakaji. Ukipinda 30, umempa pole.

Verity alilijua hilo. Alikuwa mrefu, zaidi kidogo ya mita 1.83, na mkono wake wa kushoto ulishuka kutoka juu kabisa. Alihesabiwa kuwa mrushaji wa taratibu, lakini mpira wake ulikwenda kasi kuliko wa warushaji wengi wa aina yake. Kwa nini kasi? Kwa sababu mpira wa polepole kwenye pichi inayonata unampa mpigaji nafasi ya kuutazama ukipinda na kubadili mawazo. Wa kasi kidogo haumpi. Halafu urefu wa mrusho: ukidondosha mfupi, mbali naye, mpigaji anarudi nyuma, anausubiri, anaukata. Ukidondosha mrefu mno, anatoka mbele anaupiga kabla haujapinda. Katikati pana eneo si kubwa kuliko mkeka wa kuswalia, na hapo ndipo Verity alipodondosha mpira, mara ya kwanza, mara ya kumi, mara ya mia.

Rudini sasa Headingley. Nottinghamshire walikuwa wamefunga 234. Mvua ikaja, na Yorkshire wakafunga hesabu, yaani wakaacha kupiga kwa hiari, wakiwa na 163 kwa wiketi 9, wako nyuma kwa mikimbio 71, ili wawahi kuwatia wapinzani kwenye pichi iliyolowa. Lakini tazameni kilichotokea. Kabla ya chakula cha mchana Verity alirusha ova 9, zote bila mkimbio, na bila wiketi. Wapinzani walikwenda kula wakiwa na 38, hakuna aliyetoka. Je, wangapi kati yenu mngekuwa mmekata tamaa? Wangapi mngeanza kubuni mbinu mpya pale mezani? Yeye alirudi akafanya vile vile. Pichi nayo ilikuwa imeanza kukauka. Ova 10 na mipira 4, mikimbio 10, wiketi 10, tatu kati yake kwa mipira mitatu mfululizo. Timu ikaishia 67. Wapigaji wawili wa kwanza wa Yorkshire, Percy Holmes na Herbert Sutcliffe, wakafunga 139 zilizotakiwa bila mtu kutoka.

Ova 9 za asubuhi, ambazo kitabu kinaonyesha sifuri, ndizo ninazozipenda kuliko zile za alasiri. Alikuwa anaisoma ardhi.

Mtu huyu alitoka wapi? Alizaliwa Headingley, jirani na kiwanja hicho hicho, tarehe 18 Mei 1905. Aliacha shule akiwa na miaka 14 akaingia kwenye biashara ya makaa ya mawe ya baba yake. Alianza akiwa mrushaji wa kasi ya wastani. Kule Yorkshire palikuwa na mrushaji wa taratibu wa mkono wa kushoto, Wilfred Rhodes, aliyeshikilia nafasi yake tangu 1898. Kocha George Hirst na wenzake waliona Rhodes anakaribia kustaafu, na Verity akakubali kubadili urushaji wake wote, akiwa mtu mzima, kwa ajili ya nafasi ambayo ilikuwa bado ina mwenyewe. Alikwenda kucheza klabu za Lancashire kujifunza upya. Alijaribiwa Warwickshire wakamkataa. Yorkshire walimchezesha mara ya kwanza mwaka 1930, ana miaka 25, mwaka ule ule Rhodes alipostaafu. Mwaka uliofuata, siku alipotimiza miaka 26, aliwatoa wapigaji wote 10 kwa mikimbio 36. Wapinzani walikuwa Warwickshire.

Sitakaa sana kwenye mechi ya 1934 pale Lord's, kiwanja cha London, ingawa wengi mnamjua kwa hiyo tu. Jumapili ilinyesha, Jumatatu tarehe 25 Juni Verity akachukua wiketi 14 za Australia kwa siku moja, 15 kwa mechi nzima, kwa mikimbio 104. Don Bradman, mpigaji wao mkuu, alitolewa naye mara mbili. Katika mechi za Testi, yaani za mataifa, Verity alimtoa Bradman mara 8, na hakuna mrushaji mwingine aliyefika hapo. Uingereza haikuifunga tena Australia pale Lord's mpaka 2009.

Tuje kwenye jambo la pili, ambalo watu hupenda kulipita.

Kriketi ya Uingereza wakati ule ilikuwa na milango miwili. Sisemi kwa mafumbo. Milango miwili ya mbao, kwenye viwanja vingi. Wachezaji wa ridhaa, wenye fedha zao, walivalia chumba chao. Wachezaji wa kulipwa walivalia chao. Kwenye karatasi ya matokeo hata majina yaliandikwa tofauti: wa ridhaa, herufi za mwanzo zinatangulia jina, wa kulipwa, zinafuata. Na nahodha wa Uingereza alikuwa wa ridhaa. Verity alikuwa wa kulipwa. Alicheza mechi 40 za Testi, akachukua wiketi 144, na katika daraja la kwanza wiketi 1,956 kwa wastani wa mikimbio 14.90, chini ya 15 kwa kila moja. Katika hizo 40 hakuna hata moja aliyoongoza timu, na wala hakuna aliyefikiria kumwuliza.

Hakuwa na kinyongo na mtu. Chini ya nahodha Douglas Jardine alikwenda Australia 1932–33, wakaheshimiana sana, hata mwanawe wa pili akamwita Douglas. Wa kwanza alikuwa amemwita Wilfred, kwa jina la Rhodes. Lakini mfumo ulikuwa mfumo, na tusiupambe leo kwa sababu umepita.

Jeshi lilifanya ambalo kriketi haikufanya. Jeshi lilimpa watu awaongoze.

Na hapa tena angalieni maandalizi yake. Mwaka 1938, wakati wa msukosuko wa Munich, Ujerumani ikidai ardhi ya Chekoslovakia, vita bado havijaanza, Verity alimwendea afisa mmoja wa kikosi cha Green Howards aitwaye Arnold Shaw, ambaye walikuwa wamekutana India kwenye ziara ya 1933–34. Alimwambia vita vinakuja na yeye anataka kujiandaa. Shaw akampa vitabu vya mafunzo ya kijeshi, naye akavisoma. Mchezaji maarufu, ana mke na watoto wawili wadogo, ana miaka 33, anakaa usiku anajifunza namna ya kupanga platuni! Ni yule yule aliyebadili urushaji wake kabla Rhodes hajaondoka.

Machi 1939 alikuwa Durban, Afrika Kusini, kwenye mechi iliyopangwa kuchezwa bila kikomo cha siku. Verity alirusha mipira 766. Mechi ilivunjwa baada ya siku 10 kwa sababu Waingereza walipaswa kupanda treni kuwahi meli Cape Town, wamebakiza mikimbio 42 tu kushinda. Ni mechi ambayo warushaji huomba isije tena, na haikuja tena.

Halafu tarehe 1 Septemba 1939. Mji wa Hove, pwani ya kusini mwa Uingereza. Alfajiri ile majeshi ya Ujerumani yameingia Poland. Viwanja vingine havina watu, lakini Yorkshire na Sussex wanamaliza mechi yao kwa sababu ni ya kumchangia mchezaji wa Sussex, Jim Parks. Usiku mvua ilinyesha; asubuhi jua limetoka. Mnajua tayari kitakachofuata. Ova 6, mikimbio 9, wiketi 7. Sussex wametoka kwa 33. Yorkshire wakashinda, wakiwa tayari mabingwa wa kaunti kwa mara ya saba tangu Verity aanze, wakapanda basi kurudi kaskazini usiku, njia nzima taa zimezimwa kwa hofu ya ndege. Hakuichezea Yorkshire tena mechi ya daraja la kwanza.

Akajiunga na Green Howards, akawa afisa, akapelekwa Ireland ya Kaskazini kufundisha na kufundishwa, akapanda hadi kapteni. Mwaka 1942 bataliani yake ya kwanza, chini ya Brigedi ya 15 ya Divisheni ya 5, ilisafirishwa kwenda mashariki. Wazee wetu mliosikia habari za KAR, jeshi la King's African Rifles, kutoka kwa baba zenu, hapa pana uzi wa kwetu. Brigedi mbili nyingine za divisheni hiyo, ya 13 na ya 17, zilishiriki kuishambulia Madagaska Mei 1942, na mwezi uliofuata ikafika Brigedi ya 22 ya Afrika Mashariki, vijana wa KAR, wakaendelea na vita vya kisiwa kile. Brigedi ya Verity ilipitiliza hadi India. Huko aliugua vibaya kuhara damu. Kisha Uajemi, Iraki, Syria, Misri. Tarehe 10 Julai 1943, Sicily.

Sasa naomba utulivu, kwa sababu habari za usiku ule zinajulikana hatua kwa hatua kutoka kwa watu waliokuwa mita chache kutoka kwake.

Lengo lilikuwa kilima kirefu chenye ngome ndogo za kupigia bunduki. Mizinga ya Waingereza ilitangulia kwa moto unaotembea: inapiga mbele ya askari, inasogea, inapiga tena, na askari wanaufuata kwa karibu ili adui asipate nafasi ya kuinua kichwa. Verity aliiongoza Kombania B nyuma ya moto huo kama mita 640. Kisha mizinga ikanyamaza. Ninyi mliopita jeshini mnaijua hatari ya dakika hiyo. Mizinga ikinyamaza na wewe bado hujafika, adui anatoka chini, anashika bunduki yake, anakuona unakuja. Walikwenda hivyo mita 270 na zaidi, gizani.

Gizani, lakini mwezi ulikuwa mgongoni mwao. Mwezi ukiwa usoni mwako unamwona adui. Ukiwa mgongoni, yeye ndiye anakuona wewe, kivuli cheusi mbele ya mwanga. Nafaka ilikuwa na urefu wa sentimita 60. Mtu aliyesimama inamficha mpaka magotini tu. Risasi za kumetameta zikaanza kuifyeka, nao wakalala wakaanza kutambaa. Verity alikuwa akiwaambia neno moja: endeleeni, endeleeni. Wajerumani wakarusha mafataki ya mwanga, wakapiga mota, wakatupa mabomu ya moto, na nafaka iliyokauka kwa jua la Julai ikashika.

Fikirini. Moto mbele, risasi juu, mwezi nyuma. Wapo makamanda ambao wangewaamuru watu wote wainuke na kukimbilia mbele wafe kwa pamoja. Verity alitazama uwanja. Aliona kwamba risasi kali zaidi zinatoka kwenye nyumba ya shamba upande wa kushoto wa kilima. Nyumba ile ndiyo funguo. Akaipeleka platuni moja izunguke ikaichukue, na nyingine akaiagiza ipige mfululizo kuwalinda wenzao. Agizo la pili ndilo linalolipa la kwanza uhai: wasiposhughulishwa waliomo ndani ya nyumba, wanaozunguka watamalizwa wakiwa njiani. Haya yalikuwa kwenye vitabu alivyosoma 1938. Lakini kuona nyumba ipi, ndani ya moshi, ukiwa umelala kifudifudi, hakuna kitabu kinachofundisha.

Wakati wanatambaa, alipigwa kifuani. Alisema waendelee, wawatoe watu wale ndani ya nyumba ile.

Hawakuweza. Moto wa adui uliongezeka, ikaamuliwa kurudi nyuma. Mara ya mwisho wenzake kumwona, alikuwa chini, mbele ya nafaka inayowaka, kichwa kimeegemezwa kwa askari aliyekuwa mhudumu wake. Askari yule alikataa kumwacha, akatekwa pamoja naye. Naomba tumkumbuke na yeye. Kila tunapomsifu kapteni, tumkumbuke askari aliyebaki.

Wajerumani walimpasua hospitali ya vitani, kisha akavushwa bara ya Italia, treni hadi Naples, halafu Caserta, kwenye hospitali ya Waitaliano. Ubavu uliovunjika ulikuwa unakandamiza pafu. Madaktari waliondoa sehemu ya ubavu. Baada ya siku tatu damu ilitoka tena bila kuzuilika. Alifariki tarehe 31 Julai 1943, miaka 38. Nyumbani kwao kwa wiki kadhaa walijua tu kwamba amejeruhiwa na hajulikani alipo. Kifo chake kilithibitishwa tarehe 1 Septemba, miaka minne kamili tangu ile siku ya Hove.

Vita vikaisha, kriketi ikarudi, na milango miwili ikarudi nayo. Ilipofika 1952 ndipo Uingereza ilipomteua nahodha wa kulipwa kwa mara ya kwanza katika karne ile: Len Hutton, kijana wa Yorkshire, aliyekuwa kwenye timu ya Hove na kwenye basi lile la gizani. Mwaka 1954 Hutton aliipeleka timu Australia kwa meli, na meli ilipotia nanga Naples alishuka na wenzake, wakapanda gari hadi makaburi ya vita ya Caserta, wakalitafuta jiwe la Kapteni Verity wa Green Howards. Hutton aliinama, akaweka juu ya kaburi tai ya Yorkshire. Kisha wakarudi bandarini, meli ilikuwa inaondoka.